Usiku Nilipohamisha Michezo ya Mwanangu

Ndugu msomaji, wahenga walinena kwamba hasira ni hasara. Leo nataka kukueleza hasara niliyoiingiza nyumbani mwangu pasipo hasira kubwa, kwa haraka tu, na kwa ile tabia tuliyo nayo wazazi wengi ya kudhani kwamba kilicho cha mtoto hakina uzito. Kisa chenyewe kinahusu kompyuta, lakini nakusihi usiufunge ukurasa kwa kuwa nyumbani kwako hakuna kompyuta. Kinahusu pia jambo ambalo halikosi katika nyumba yoyote: nafasi inapokuwa finyu, ni nani huambiwa ahame?

Tunaishi Mwanga, hapa Kigoma mjini, katika nyumba ya kupanga yenye vyumba vitatu. Sebuleni, ubavuni mwa kabati la vyombo, ipo kompyuta ya mezani niliyoinunua ikiwa imekwisha kutumika, ikaletwa kwa garimoshi kutoka Dar es Salaam imeviringishwa blanketi kama mtoto mchanga. Ndani yake mlikuwa na diski moja tu ya aina ya SSD, ile isiyo na sahani inayozunguka, yenye ukubwa wa GB 240. Diski za namna hiyo husoma upesi sana, walakini aghalabu huwa ndogo, na iliyo ndogo hujaa.

Wakazi wa diski ile tulikuwa wawili. Wa kwanza ni mimi. Kwa miaka mitatu nimekuwa nikishuka Ujiji kila ninapopata Jumamosi ya mapumziko, kinasa sauti mkononi, kuwasikiliza wazee. Habari za Stanley kumkuta Livingstone pale Ujiji mwaka 1871 zimo katika kila kitabu cha shule. Mimi nilitaka yale yasiyoandikwa: jinsi mitumbwi ilivyochongwa, jinsi mawese yalivyopimwa, nani alioa wapi ng'ambo ya ziwa na kwa nini hakurudi. Saa moja ya sauti isiyobanwa hula takriban MB 600. Nilikwisha kufikisha saa sabini, yaani GB 42 za sauti za watu wazima, baadhi yao sasa wametangulia mbele ya haki.

Mkazi wa pili ni mwanangu wa kiume, mwenye umri wa miaka kumi na mitatu, mwanafunzi wa kidato cha kwanza. Yeye alikuwa na michezo yake, au magemu kama wanavyoyaita wenyewe, yenye jumla ya GB 95. Mmoja ni mchezo wa kuendesha malori katika nchi za mbali, aliopakua kupitia Steam, ile ghala ya michezo iliyoanza mwaka 2003 ambamo mtu hununua mchezo na kuupokea kwa mtandao. Pamoja na nyongeza zake zote mchezo huo ulikuwa umefikia GB 60. Mwingine ni mchezo wa kuongoza timu ya kandanda, tuliousimika kutoka katika sahani ya DVD niliyomnunulia. Mingine ilikuwa midogo midogo.

Labda unajiuliza, ndugu msomaji, kwa nini mtu asifute tu mchezo na kuupakua tena atakapouhitaji. Fanya hesabu nami. Mtandao wa nyumbani kwetu, siku unapokuwa na afya njema, hupita kwa kasi ya megabiti tano kwa sekunde. Kwa kasi hiyo GB 60 zinahitaji takriban saa ishirini na saba za kupakua pasipo kukatika hata dakika moja. Tena hayo ni masaa tu, bado hatujataja bando. Kijana wangu alipakua malori yale kwa wiki kadhaa, usiku kwa usiku, kwa vifurushi alivyovipata kwa kusaidia kubeba ndoo za dagaa wa shangazi yake pale Kibirizi. Hilo nililijua. Kulijua jambo na kulipima uzito ni vitu viwili mbalimbali.

Jumamosi moja jioni nilirudi kutoka Ujiji nikiwa na furaha kubwa. Mama mkubwa, dada wa mama yangu mzazi, ambaye kwa miaka miwili alinikatalia kunaswa sauti, siku hiyo alikubali, akazungumza kwa saa mbili na robo. Nikaketi mbele ya kompyuta, nikachomeka kinasa sauti, nikaanza kunakili. Kompyuta ikanijibu kwamba diski imejaa.

Nilimwita kijana. Nikamwambia, "Michezo yako imemeza nafasi yote. Itabidi iondoke."

"Baba, naomba usiifute," akasema. "Tununue diski nyingine, tuihamishe."

Ombi lilikuwa la haki, nami nililikubali. Jumatatu nikapita kwa fundi mmoja kijana jirani na soko la Mwanga, nikanunua diski ya aina ya zamani, ile yenye sahani inayozunguka, ya ukubwa wa TB 1. Diski hizo ni za polepole kuliko SSD, lakini kwa fedha ile ile mtu hupata nafasi kubwa zaidi. Fundi akaifunga mahali pake, akaiandaa, akaipa herufi yake. Nilipokuwa naondoka akaniambia, "Kaka, magemu usiyahamishe kwa kukata na kubandika. Niletee Jumamosi, au mwambie kijana aje nimwonyeshe."

Nilimshukuru, nikatabasamu moyoni. Mimi ni mtu mwenye stashahada yangu ya uandishi wa habari, na mkate wangu wa kila siku naupata mbele ya kompyuta. Kukata faili hapa na kulibandika pale ndiyo kazi yangu ya kutwa. Ya nini kungoja Jumamosi?

Usiku ule watoto walipolala, nilianza. Nikaifungua folda ya mchezo wa malori, nikaikata, nikaibandika katika diski mpya. Mstari wa kijani ukaanza kutambaa. Hapa sina budi kukueleza jambo ambalo sikulijua wakati ule. Unapohamisha faili kutoka folda moja hadi nyingine ndani ya diski ile ile, faili halisogei hata kidogo. Kompyuta hubadilisha anwani tu katika daftari lake, ndiyo maana kazi huisha kufumba na kufumbua. Lakini unapohamisha kutoka diski hadi diski, kila kipande hunakiliwa kwanza upande wa pili, kisha kile cha asili hufutwa. Kuhama huko ni kuvuka ziwa kweli kweli, na chombo huweza kuzama katikati ya maji.

Umeme ukakatika.

Sisi wa Kigoma, ndugu msomaji, tuliishi miaka mingi kwa majenereta ya dizeli kabla umeme wa Gridi ya Taifa haujaanza kufika mkoani mwetu mwaka 2022. Kukatika kwa umeme hakutushtui, na mtu mwenye busara huanza kazi kubwa akiwa amejiandaa. Mimi sikuwa na betri ya akiba. Umeme uliporudi baada ya dakika arobaini, niliwasha kompyuta, nikakuta nusu ya malori iko upande huu na nusu iko upande ule. Nikazisukuma zile zilizobaki kuwafuata wenzao, nikafungua Steam, nikabonyeza. Ikaniambia kwamba mchezo haupo.

Ilikuwa yapata saa saba za usiku. Sasa nilikuwa nimechoka, na mtu aliyechoka hutaka kumaliza kuliko kufanya vema. Nikaukata na ule mchezo wa kandanda, nikaubandika katika diski mpya. Nao haukufunguka. Nikajiambia, basi, kesho huyo fundi atajua la kufanya. Kisha, nikiwa katika kusafisha, nikaona ndani ya folda ya nyaraka folda nyingine ndogo yenye jina la mchezo ule ule wa kandanda. Ndani yake mlikuwa na mafaili machache yenye majina yasiyosomeka, jumla yake haikufika hata MB 50. Nikadhani ni makombo. Nikayafuta, tena kwa namna ile ya kufuta moja kwa moja isiyopitia kapu la taka.

Halafu nikaihifadhi sauti ya mama mkubwa katika ile nafasi niliyoipata, nikalala usingizi wa mtu aliyetimiza wajibu wake.

Asubuhi yake sikuwapo kijana alipowasha kompyuta. Nilikuwa kazini. Niliporudi jioni nikamkuta ameketi barazani na mdogo wake wa kike, wanapepeta mchele. Akaniamkia kwa heshima zake zote. Nikamwuliza, "Umeiona diski mpya?" Akajibu, "Ndiyo, baba." Hakuongeza neno. Chakula alikula, vyombo aliosha, na akaenda kulala mapema mno.

Mama watoto ndiye aliyenieleza. "Mwanao alikuwa na timu yake," akasema. "Ameiongoza miaka miwili. Umeifuta."

Nikasema kwamba mchezo tutausimika upya, sahani ipo kabatini.

"Mchezo upo, timu haipo," akajibu. "Kwani ulimwuliza mwenyewe kabla hujagusa vitu vyake?"

Nikapata kuyajua siku ile mambo niliyoishi nayo chumba kimoja kwa miaka miwili pasipo kuyaona. Kijana wangu, kama vijana wengi wa hapa, alipata wazimu wa kandanda tangu mwaka 2023, pale Mashujaa walipopanda Ligi Kuu na Uwanja wa Lake Tanganyika ukaanza kupokea timu kubwa za nchi. Ndani ya mchezo ule aliunda timu yake ya mtaani, akaianzisha katika daraja la chini kabisa, akaipandisha daraja moja baada ya jingine. Wachezaji aliwapa majina ya wenzake wa mtaa. Mlinda mlango alikuwa rafiki yake mkubwa, jirani yetu wa ukuta kwa ukuta, ambaye baba yake alihamishiwa kazi Mpanda mwaka uliopita. Rafiki aliondoka, lakini Jumamosi kwa Jumamosi aliendelea kudaka mipira sebuleni kwangu. Hayo yote yalikuwa ndani ya zile MB 50 nilizoziita makombo.

Nilikwenda kwa fundi kesho yake, kichwa chini. Hakunicheka. Alisikiliza, kisha akaniuliza ile folda ndogo niliifuta kwenye diski gani. Nilipomwambia ni ile ya SSD, akatikisa kichwa. Akanieleza kwamba katika diski ya zamani faili lililofutwa huweza kubaki limelala kwa siku nyingi, nalo huokolewa iwapo halijaandikiwa juu. Bali SSD, kompyuta inapoiarifu kwamba mafaili fulani yamefutwa, husafisha mahali pale yenyewe ili iwe tayari kupokea mengine. Alijaribu programu mbili za kuokoa mafaili mbele ya macho yangu. Hakuna kilichorudi.

Ndipo akanifundisha, nami nakupitishia mafunzo yake kama nilivyoyapokea.

Mchezo uliosimikwa, alisema, haufanani na wimbo au picha. Wimbo ni mzigo: waweza kuubeba kutoka diski hii hadi ile, ukaufungua huko, ukaimba vile vile. Mchezo ni mti. Una shina, nalo ni ile folda kubwa. Lakini una mizizi pia, iliyotambaa mahali pengine: anwani zilizoandikwa katika daftari kuu la Windows, na yale mafaili ya maendeleo ya mchezaji, ambayo michezo mingi huyaweka mbali na shina, ndani ya folda ya nyaraka au katika folda zilizofichwa za mtumiaji. Ukikata shina na kulipeleka shamba la pili, usishangae usipoona matunda.

Ile michezo ya Steam ina utaratibu wake wenye nafuu. Ndani ya Steam, katika mipangilio, ipo sehemu ya hifadhi inayoonyesha diski zako zote. Unaongeza diski mpya, unachagua mchezo, unaamuru uhamishwe, na Steam yenyewe inabeba folda pamoja na faili dogo la orodha linaloeleza mchezo ni upi na upo wapi. Jina la kigeni la faili hilo lina ndani yake neno lile lile wanalolitumia watu wa bandari: manifesti. Hapo nilielewa bila kuelezwa zaidi. Nani wa Kigoma asiyejua kwamba shehena ikifika gatini bila manifesti, hata iwe kamili, kwa karani haipo? Mimi nilivusha shehena, nikaacha manifesti ng'ambo.

Nilipotoka pale nilishuka na Barabara ya Lumumba hadi stesheni, nikasimama nikilitazama ziwa. Nikaikumbuka Liemba. Meli ile ilijengwa Papenburg, Ujerumani, mwaka 1913, ikiitwa Graf von Götzen, kisha ikafunguliwa vipande vipande na kupakiwa katika masanduku 5,000. Masanduku yakavuka bahari hadi Dar es Salaam, yakaja kwa reli mpaka Kigoma, na mwaka 1915 meli ikateremshwa majini hapa hapa. Fikiri, ndugu msomaji: masanduku 5,000, na kila kipande kilipaswa kujua jirani yake. Ingewezekanaje bila orodha?

Na tena lipo la pili. Julai 1916, vita vilipowazidia, Wajerumani waliizamisha meli ile wenyewe. Lakini kabla ya kuizamisha waliipaka mitambo yake grisi, wakiwa na tumaini kwamba ipo siku itahitajika. Waingereza wakaiibua mwaka 1924, na mwaka 1927 ikarudi kazini kwa jina la Liemba, mitambo yake ikiwa bado inafaa. Watu waliokuwa wakikimbia adui walipata nafasi ya kupaka grisi. Mimi, katika sebule yangu, sikukimbizwa na mtu, nami sikuweka hata nakala moja ya akiba.

Jumamosi iliyofuata nilimwomba kijana wangu tufanye kazi ile pamoja, na mara hii nikamwachia kiti cha mbele. Tuliiweka folda ya malori mahali inapotakiwa katika diski mpya, tukaivusha na manifesti yake, tukaiwasha Steam upya, kisha tukaiamuru ihakiki mafaili yote. Ilikagua moja baada ya jingine kama karani mwenye kalamu sikioni, ikagundua yale yaliyoharibika umeme ulipokatika, ikapakua hayo tu. Badala ya GB 60 tulitumia chini ya GB 2. Malori yakanguruma. Mdogo wake akapiga makofi.

Kisha tukauhamisha mmoja wa michezo yake midogo kwa njia iliyo sawa, na pale ndipo nilipoona jinsi jambo lilivyo jepesi mtu akilifanya kwa utaratibu wake. Tulihakikisha nafasi inatosha. Tukafunga programu nyingine. Tukanakili kwanza mafaili ya maendeleo katika flashi. Tukaamuru uhamisho, tukaondoka kwenda kunywa chai. Diski ile ya zamani huandika takriban MB 100 kwa sekunde, hivyo hata mchezo wa GB 60 ungemalizika kwa dakika kumi hivi. Na kwa ile michezo isiyo ya Steam tulifuata shauri la fundi: hifadhi kwanza maendeleo, ondoa mchezo kwa njia yake rasmi, usimike upya kutoka sahani katika diski mpya, kisha rudisha maendeleo mahali pake. Akatuonya pia kwamba flashi nyingi zimeandaliwa kwa mfumo wa kale uitwao FAT32, ambao haupokei faili moja lililozidi GB 4, na michezo mikubwa ina mafaili kama hayo. Dawa yake ni kuiandaa flashi kwa exFAT au NTFS, baada ya kutoa vilivyomo.

Lakini lipo neno moja alilolisema fundi ambalo sijalisema bado. Nimeliweka mwisho kwa sababu ndilo linalonichoma.

Nilipokuwa nimesimama kibandani kwake siku ile, aliniuliza kulikuwa na nini kingine katika diski. Nikamwambia, rekodi zangu, GB 42. Akashangaa. "Lakini kaka," akasema, "hizo ndizo zilizostahili kuhama. Sauti hazina mizizi. Hata kwenye diski ya polepole zinasikika vile vile. Ungezisogeza hizo, usingegusa kitu cha mtoto."

Nilibaki nimeshika kaunta. Ni kweli, ndugu msomaji. GB 42 zangu zingehama kwa dakika saba au nane, bila manifesti, bila daftari, bila machozi, na nafasi ingepatikana. Na katika siku zile zote, tangu ilipotokea ile ilani ya diski kujaa mpaka nilipofuta folda ile, wazo hilo halikunijia hata mara moja. Sikujiuliza ni kipi chepesi kuhama. Nilijiuliza ni kipi cha nani, na kwa kuwa changu kilikuwa kazi na chake kilikuwa mchezo, hukumu ilikwisha kutoka kabla ya kesi.

Usiku wa Jumamosi ile niliifungua sauti ya mama mkubwa niianze kuiandika. Katikati yake anaeleza jinsi maji ya ziwa yalivyopanda mwaka 2021, yakaifikia nyumba yake upande wa Katonga, wakaja vijana wa ukoo kumhamishia kwa mwanawe Ujiji. Walibeba kitanda, makochi, kabati na mabati. "Walifanya kazi nzuri," anasema. "Ila nyuma ya mlango wa jikoni ilining'inia kata ya mama yangu, ya kifuu. Wakaiona takataka. Niliporudi kuitafuta, jiko lilikwisha chukuliwa na maji. Hawakuniuliza."

Mmoja wa vijana wale nilikuwa mimi. Tena nilikuwa mbele yake alipokuwa akiyasema hayo, umbali wa mkono mmoja, lakini macho yangu yalikuwa kwenye kinasa sauti yakitazama kama betri itatosha. Sauti niliipata. Neno sikulisikia, mpaka lilipokuwa limekwisha kunihukumu.

Kesho yake nilishuka Ujiji, nikamwomba radhi. Akacheka, akaniambia kata haidai. Kwa kijana wangu haikuwa rahisi vile. Nilimwomba radhi vilevile, kwa maneno kamili, jambo ambalo baba zetu hawakulizoea. Akasema, "Yameisha, baba." Hayakuwa yameisha, nami nilijua, lakini adabu yake ilinipa mlango wa kutokea.

Wiki mbili baadaye niliikuta sahani ya DVD imetoka kabatini. Ameanza timu mpya, daraja la chini kabisa. Aliniomba simu yangu ampigie rafiki yake wa Mpanda, amwulize kama bado anataka kudaka au sasa anataka kucheza mbele. Walizungumza hadi salio likaisha. Rafiki amechagua kubaki golini. Kila Jumapili jioni kijana hunakili folda ile ndogo katika flashi, na flashi huiweka katika kopo la chai juu ya kabati, asipofika mdogo wake na, nadhani, asipofika baba yake.

Rekodi zangu nimezihamishia katika diski ya polepole. Zinasikika vile vile.

Ndugu msomaji, nyumba zetu za mijini ni ndogo, na kila mwaka kitu fulani kitatakiwa kipishe kingine: kitanda cha mgeni, meza ya biashara, mzigo wa jamaa aliyeletwa na boti. Siku hiyo ikifika kwako, kabla hujasema hiki ni cha kazi na kile ni cha mchezo, mwite mwenye kitu umwulize. Swali lenyewe halichukui nafasi yoyote.

Tukijaliwa, tuonane Jumapili ijayo.